Nyumba za kioo: jinsi Polandi ilivyotafuta makazi bora kwa mtu wa kawaida

Katikati ya miaka ya 1920, mwandishi wa Polandi Stefan Żeromski alichapisha riwaya iitwayo Przedwiośnie. Ndani yake mzee mmoja, akiwa mbali na nyumbani, anamsimulia mwanawe habari njema za nchi yao iliyopata uhuru: huko sasa zinajengwa nyumba za kioo, za bei nafuu, zenye joto wakati wa baridi na ubaridi wakati wa joto, na kila mkulima na kibarua atapata yake. Mzee anafia njiani. Kijana anavuka mpaka peke yake, na kitu cha kwanza anachokiona ni mji mdogo wenye matope na vibanda vilivyoinama.

Tangu hapo, Mpolandi akisema "nyumba za kioo" huwa anazungumzia ahadi tamu ambayo haijatimia.

Lakini wapo waliojaribu kuitimiza. Tukiyaangalia majengo ya Polandi ya miaka mia moja iliyopita, tunaona watu wakirudi tena na tena kwenye swali lile lile: familia ya mfanyakazi itapataje nyumba yenye maji, hewa na mwanga? Majibu yalibadilika kadiri serikali zilivyobadilika. Mengine bado yanakaliwa na mamilioni ya watu, na mengine yamekwisha kubomolewa.

Usasa katika ujenzi ni nini?

Msikilizaji, tuanze na ufundi wenyewe, maana bila huo mengine hayaeleweki.

Katika nyumba ya zamani ya mawe au matofali, ukuta ndio unaobeba paa na ghorofa za juu. Kwa hiyo ukuta lazima uwe mnene, na dirisha haliwezi kuwa pana sana, la sivyo nyumba itapasuka. Kuanzia mwisho wa karne ya 19, zege lenye nondo na vyuma vya viwandani vilibadili hesabu hiyo. Sasa nguzo na mihimili ndiyo inayobeba mzigo, na ukuta unakuwa kama pazia tu. Umewahi kuona ghorofa ikijengwa mjini: nguzo zinatangulia kusimama, matofali yanajazwa baadaye. Ndicho hicho hasa.

Ukuta ukishapumzishwa kazi ya kubeba, dirisha linaweza kuenea kutoka kona hadi kona. Paa linaweza kuwa bapa. Wasanifu majengo wa Ulaya wa miaka ya 1920 wakaongeza msimamo wao: tuache nakshi, tuache sanamu za malaika juu ya milango, pesa hizo zinunue bafu na madirisha. Mtindo huo ndio unaoitwa usasa.

Polandi iliupokea kwa hamu kuliko nchi nyingi, na sababu ni historia yake. Kwa miaka 123 nchi hiyo haikuwepo kwenye ramani. Ardhi yake iligawanywa kati ya Urusi, Prussia na Austria. Iliporudi mwaka 1918, ilirithi vipande vitatu vyenye reli, sheria na pesa tofauti, na miji ambayo familia nyingi za wafanyakazi zilibanana katika chumba kimoja. Taifa jipya lilitaka sura mpya, tena haraka.

Kijiji cha wavuvi kilichogeuka jiji

Mahali pa kuliona hilo waziwazi ni Gdynia, kwenye pwani ya Bahari ya Baltiki. Baada ya vita vya kwanza vya dunia, Polandi ilipewa kipande kifupi cha pwani, lakini bandari kubwa ya Gdańsk ikawa mji huru usio chini ya mamlaka yake. Nchi yenye bahari isiyo na bandari yake ni kama mkulima mwenye shamba asiye na njia ya kulifikia. Mhandisi Tadeusz Wenda alitumwa kutafuta mahali pa kujenga bandari, akachagua ghuba ya Gdynia, kijiji cha wavuvi chenye watu wapatao 1,300. Bunge lilipitisha sheria ya ujenzi mwaka 1922, na mwaka 1926 kijiji kikapewa hadhi ya mji. Ilipofika mwaka 1939, watu walikuwa zaidi ya 120,000.

Hapakuwa na jumba la kifalme wala kanisa kuu la kale la kuigwa. Wasanifu wakachora wanavyotaka. Majengo ya ofisi na fleti yalipakwa rangi nyeupe, yakapewa kona za mviringo na roshani ndefu zilizofanana na sitaha za meli. Jengo la mfuko wa bima, lililobuniwa na Roman Piotrowski na kukamilika mwaka 1936, linaonekana kweli kama meli iliyopanda nchi kavu na kuegeshwa kwenye kona ya barabara.

Mimi ningemwelekeza mgeni sokoni kwanza. Soko kuu la Gdynia lilijengwa katika nusu ya pili ya miaka ya 1930. Ukumbi wake mkubwa umefunikwa kwa matao ya chuma yanayotoka upande mmoja hadi mwingine bila nguzo katikati, na mwanga wa mchana unaingia kutoka juu na pembeni. Samaki walipewa jengo lao peke yake. Mchuuzi wa mboga alipata paa zuri kama la tajiri wa benki, na soko hilo bado linauza hadi leo.

Ila picha nyeupe za Gdynia zinaficha jambo. Vibarua waliomiminika kujenga bandari hawakuweza kulipa kodi za fleti hizo. Walijijengea mabanda ya mbao na mabati pembezoni, na wenyewe wakayapa majina ya dhihaka. Mtaa mmoja uliitwa "Warszawa ya Mbao". Mwingine uliitwa Budapeszt, jina la mji mkuu wa Hungary, kwa sababu "buda" kwa Kipolandi ni kibanda. Serikali ilikuwa na fahari ya bandari iliyoijenga kwa miaka michache, lakini watu walioichimba kwa mikono walilala kwenye matope yale yale aliyoyaona kijana wa kwenye riwaya.

Jiko la Barbara Brukalska

Warszawa, mji mkuu, ilijaribu njia nyingine: ushirika. Mwaka 1921 wanaharakati wa mrengo wa kushoto walianzisha Chama cha Ushirika wa Nyumba cha Warszawa, kinachojulikana kwa kifupi kama WSM. Wanachama walichangia, chama kikakopa, kikajenga, na nyumba zikabaki mali ya chama. Hakuna mwenye nyumba wa kupandisha kodi akitaka.

Katika kitongoji cha Żoliborz, WSM haikujenga vyumba vya kulala tu. Ilijenga mtaa kamili: bustani katikati ya majengo, chumba cha pamoja cha kufulia chenye mashine, shule ya chekechea, maktaba, duka la ushirika na ukumbi wa maonyesho. Hoja ilikuwa kwamba fleti ikiwa ndogo, maisha mengine yapate nafasi nje ya mlango.

Miongoni mwa wabunifu walikuwa mume na mke, Stanisław na Barbara Brukalski (kwa Kipolandi jina la mke huishia na "a", hivyo yeye ni Brukalska). Barbara alilitazama jiko kama fundi anavyolitazama benchi lake la kazi. Mpishi anasimama wapi? Anapindua mkono mara ngapi kutoka beseni la maji hadi jiko la moto? Akapanga rafu, sehemu ya kukatia na sehemu ya kuoshea kwa mfuatano wa kazi yenyewe, akalifanya jiko kuwa dogo na kuliunganisha na sebule, ili anayepika asitengwe na wenzake. Kwa wakati ule, wakati wanaume wengi wenye kalamu za kuchora hawakuwahi kupika hata uji, hilo lilikuwa jambo kubwa. Baadaye Brukalska alikuwa profesa wa usanifu majengo katika Chuo Kikuu cha Ufundi cha Warszawa.

Upande wa pili wa mji, katika Rakowiec, Helena na Szymon Syrkus walijenga fleti ndogo zaidi kwa ajili ya ushirika huo huo. Wasanifu wa Ulaya walikuwa wakijadili "nyumba ya kiwango cha chini": ni ukubwa gani mdogo kabisa ambao binadamu bado anaishi kwa heshima? Helena Syrkus alikuwa sauti muhimu katika mikutano hiyo ya kimataifa.

Hata hivyo, kodi za WSM ziliwashinda wafanyakazi wengi maskini. Walimu, makarani na mafundi wenye ujuzi ndio waliofaidika zaidi. Wabunifu wenyewe walilijua hilo na liliwasumbua.

Mji uliojengwa juu ya kifusi chake

Septemba 1939 Ujerumani ya Wanazi iliivamia Polandi. Ilipomalizika vita, kiasi cha asilimia 85 ya Warszawa ilikuwa kifusi. Sehemu kubwa haikuangushwa na mapigano. Baada ya uasi wa mji mwaka 1944 kushindwa, vikosi vya Ujerumani viliteketeza na kulipua mitaa kwa mpangilio, jengo baada ya jengo.

Oktoba 1945 serikali mpya ilitoa amri iliyohamisha ardhi yote ya Warszawa kuwa ya manispaa. Wapangaji miji walifurahi, kwa sababu sasa wangeweza kuchora barabara na bustani bila kuzuiwa na mipaka ya viwanja. Wenye viwanja walipoteza. Madai ya warithi wao yaliibuka tena kwa nguvu baada ya mwaka 1989, na wapangaji wengi walijikuta nyumba wanayoishi imepata mwenyewe mpya usiku mmoja. Anayejua kesi za ardhi hatashangaa kwamba karatasi ya 1945 bado inaleta ugomvi.

Mji Mkongwe ulirudishwa ulivyokuwa, kwa msaada wa michoro ya karne ya 18. Lakini jaribio zito zaidi, kwa maoni yangu, lilikuwa Muranów. Hapo ndipo Wanazi walipowafungia Wayahudi wa Warszawa, zaidi ya watu 400,000, ndani ya ukuta. Wengi walikufa kwa njaa na magonjwa au walipelekwa kuuawa katika kambi ya Treblinka. Baada ya waliobaki kuinua silaha Aprili 1943, mtaa mzima ulisawazishwa na ardhi. Kilichosalia ni tabaka nene la matofali yaliyovunjika, na ndani yake mabaki ya watu.

Msanifu Bohdan Lachert, mmoja wa wanausasa wa kabla ya vita, alipewa kazi ya kujenga makazi hapo. Kifusi kilikuwa kingi mno kuondolewa. Akaamua kujenga juu yake. Kilisagwa, kikachanganywa na saruji na kufyatuliwa matofali ya kujengea, na kingine kikabaki chini kama vilima ambavyo nyumba zimesimama juu yake. Ndiyo maana hadi leo, ukitembea Muranów, unapanda ngazi kutoka barabarani kufikia milango. Lachert alitaka kuta zibaki bila plasta, zenye rangi nyekundu ya kifusi, ili mtaa wenyewe uwe kumbukumbu ya waliokufa.

Haikudumu. Mwaka 1949 chama tawala cha kikomunisti kiliamuru mtindo mmoja kwa wasanifu wote, wenye nguzo za mapambo na sura ya kifahari kama ya Moscow. Usasa ukaitwa ubepari. Nyumba za Muranów zikapigwa plasta na kupambwa. Alama kubwa ya kipindi hicho ni Jumba la Utamaduni na Sayansi, zawadi ya Umoja wa Kisovieti, lililokamilika mwaka 1955. Pamoja na mnara wake lina urefu wa mita 237.

Nyumba kutoka kiwandani

Stalin alikufa mwaka 1953. Mwishoni mwa mwaka uliofuata, Nikita Khrushchev aliwakaripia hadharani wajenzi wa Kisovieti kwa kupoteza fedha kwenye mapambo huku watu wakikosa nyumba. Upepo ukageuka hadi Polandi, na usasa ukarudi, safari hii kwa mashine.

Ukuta mzima wa zege ulimwagwa kiwandani kwenye kalibu ya chuma, ukiwa tayari na tundu la dirisha. Lori liliupeleka kwenye eneo la ujenzi, winchi ikaunyanyua, mafundi wakaunga vyuma na kujaza viungo kwa zege. Jengo lilipanda kama sanduku juu ya sanduku. Mengi yaliishia ghorofa ya nne kwa sababu rahisi: zaidi ya hapo ilitakiwa lifti, na lifti ni gharama. Yanayozidi hapo mara nyingi yalirukia hadi ghorofa ya kumi, ili gharama ya lifti ilipe.

Fleti zilipewa herufi M na namba ya wakazi. Kwa kanuni za mwaka 1959, M-3, yaani ya watu 3, ilikuwa na mita za mraba 33 hadi 38. Serikali ya Władysław Gomułka ilibana kila senti. Hapo ndipo lilipozaliwa "jiko pofu": jiko lisilo na dirisha la nje, likiazima mwanga kutoka sebuleni kupitia kioo cha ukutani. Ukilipima kwa mita, halikuwa mbali na jiko dogo la Brukalska. Tofauti ni kwamba yeye alianza na mikono ya anayepika, na kanuni za 1959 zilianza na bei ya saruji.

Na bado watu walizigombea. Kwa aliyetoka chumba kimoja chenye choo uani, au kijijini alikoteka maji kisimani, bomba la maji ya moto na mfumo wa kupasha joto nyumba vilikuwa maisha mapya. Waliosubiri fleti walisubiri zaidi ya miaka 10, na wazazi waliwaandikisha watoto wadogo kwenye ushirika ili wakifika utu uzima jina liwe karibu na mwanzo wa foleni.

Majengo yenyewe yalikua hadi ukubwa wa kutisha. Mjini Gdańsk lipo moja lililojengwa mwanzoni mwa miaka ya 1970 lenye umbo la wimbi, urefu wa mita zipatazo 850. Watu wapatao 6,000 huishi humo. Wengi wetu tumekulia vijiji vyenye watu wachache kuliko jengo hilo.

Wasanifu Zofia na Oskar Hansen walijaribu kupingana na mkondo. Walisema nyumba isikamilishwe na msanifu peke yake, mkazi aachiwe nafasi ya kuigeuza kwa maisha yake, na aulizwe mapema. Lakini mfumo uliotoa kuta za aina chache tu kiwandani haukuwa na sikio la kusikiliza hayo. Mtaa wao wa Przyczółek Grochowski, Warszawa, ulitoka kama jengo moja la kujipinda la karibu kilomita 1.5, lenye korido za nje ambako jirani hupita mbele ya dirisha lako. Walidhani zingewakutanisha watu. Wakazi wengi walizilalamikia.

Wasanifu wa Polandi mjini Accra

Huu usasa ulifika pia Afrika. Miaka ya 1960, Polandi ilipeleka wataalamu katika mataifa yaliyotoka kupata uhuru. Jacek Chyrosz na Stanisław Rymaszewski waliajiriwa Ghana, katika shirika la ujenzi la serikali lililokuwa na Mghana Vic Adegbite kama msanifu mkuu. Wakishirikiana, walibuni uwanja wa maonyesho ya biashara ya kimataifa wa Accra. Zege na chuma ni vile vile vya Warszawa, lakini adui hapa ni joto: mapaa yakatanuliwa kutoa kivuli, na upepo wa bahari ukaachiwa njia ya kupita ndani ya kumbi. Kwame Nkrumah, aliyeuagiza, alipinduliwa mwaka 1966, na uwanja ukafunguliwa Februari 1967 bila yeye. Katika miaka ya karibuni sehemu ya majengo hayo imebomolewa.

Kubomoa au kutunza?

Polandi yenyewe haijawa mlinzi mwema zaidi. Supersam ya Warszawa, iliyofunguliwa mwaka 1962, ilikuwa miongoni mwa maduka makubwa ya kwanza nchini ambamo mteja huchukua bidhaa mwenyewe. Paa lake, lililobuniwa na mhandisi Wacław Zalewski pamoja na wenzake, lilichanganya matao yanayosukuma na kamba za chuma zinazovuta, nguvu moja ikiizuia nyingine. Lilibomolewa mwaka 2006, na leo pale kuna ofisi na maduka. Kituo cha treni cha Katowice, ambacho zege lake lilibebwa na nguzo 16 zilizopanuka juu kama vikombe, kilibomolewa kuanzia mwishoni mwa mwaka 2010. Baada ya malalamiko, vikombe kadhaa vilijengwa upya ndani ya kituo kipya, vikiwa ni nakala.

Waliotaka yaondoke hawakuwa wajinga. Waliona zege chafu linalovuja, na waliona foleni na propaganda za enzi ya chama kimoja. Tatizo ni kwamba jengo halichagui serikali iliyolijenga. Gdynia imepata bahati zaidi: mji wake wa kati ulitangazwa mnara wa kihistoria wa taifa mwaka 2015, labda kwa sababu weupe wake unawakumbusha watu enzi wanayoipenda.

Majengo ya kuta za kiwandani hayabomolewi, maana hakuna pa kuwahamishia wakazi. Mengi yamevikwa tabaka la kuzuia baridi na kupakwa rangi za kung'aa. Ndani, jambo la kwanza ambalo wenye majiko pofu hutaka kufanya ni kuuondoa ukuta unaolitenga jiko na sebule. Si kila mmoja anaruhusiwa. Baadhi ya kuta hizo ni nyembamba na zinatoka kwa siku moja. Nyingine ndizo zinazobeba fleti za juu, kwa hiyo mhandisi lazima apime kwanza na kusaini, na msimamizi wa jengo akubali, kabla ya nyundo kuguswa.